Barua ya Meya na Swali la Mwanafunzi

Kwa miaka kadhaa nimekuwa nikiwaonyesha wanafunzi wangu filamu ya hali halisi iitwayo The Letter, aliyoitengeneza Ziad Hamzeh, mzaliwa wa Syria, mwaka 2003. Inahusu Lewiston, mji wa viwanda vya nguo katika jimbo la Maine, Marekani, ambako wakimbizi wa Kisomali walianza kuhamia mwaka 2001. Oktoba 2002, walipofikia takriban elfu moja, meya aliwaandikia wazee wao barua ya wazi akiwasihi wawazuie jamaa zao wasizidi kuja, kwa hoja kwamba mji umeelemewa. Januari iliyofuata wabaguzi wa rangi waliitisha mkutano mjini humo. Waliouhudhuria hawakutimia mia moja, ilhali maelfu walikusanyika kwingineko kuwatetea Wasomali.

Hupenda kuwakumbusha wanafunzi kwamba wengi wa wenyeji hao ni wajukuu wa Wakatoliki waliotoka Quebec kufanya kazi viwandani, wakizungumza Kifaransa, na kwamba katika miaka ya 1920 Ku Klux Klan iliwaandama wao. (Mjukuu wa mhamiaji husahau upesi; sisemi hivyo kwa Lewiston peke yake.)

Muhula uliopita, filamu ilipokwisha, nilimgeukia binti mmoja mwenye hijabu nikamwomba atueleze Wasomali huyaonaje mambo haya.

"Mwalimu, mimi nimezaliwa Eastleigh," akasema. "Lewiston naijua kama uijuavyo wewe, kwa filamu hii."

Darasa likaangua kicheko. Naye hakuwa amemaliza. Aprili 2014, wakati wa msako ulioitwa Usalama Watch, kaka yake alikamatwa akapelekwa uwanja wa Kasarani pamoja na maelfu ya wengine, kitambulisho chake cha Kenya kikiwa mfukoni. Filamu ya hayo, aliuliza, mbona hutuonyeshi?

Sikuwa na jibu. Nilikuwa nimemfanyia lile ambalo filamu nyingi za aina hii huwafanyia Waislamu wahamiaji: kumwita mtu mmoja asimame badala ya umma mzima, kisha tumpime kama anafaa kuishi nasi. Kamera humtaka kwanza aonekane akipika, akisali kwa utulivu, akishukuru. Ndipo aruhusiwe kulalamika. Mwenyeji hudaiwa lini ushahidi wa namna hiyo? Na huyu binti hakuwa hata mhamiaji. Ni mimi niliyemhamisha, kwa swali moja.

Juma lililofuata alinijia ofisini na simu yake. Alikuwa amemrekodi mama yake akisimulia usiku ule wa msako, dakika arobaini bila kukatiza, lakini feni ilikuwa imemeza nusu ya maneno. Hakutaka maoni yangu. Alitaka kuazima kipaza sauti cha idara, na fomu ilihitaji sahihi ya mhadhiri.

Nilitia sahihi.