Wizi Usiokuwa Wizi

3 Machi

Fasihi ya Kilatini huhesabiwa tangu mwaka 240 KK, na aliyeianzisha hakuwa Mrumi. Livius Andronicus alikuwa Mgiriki wa Tarentum, mji wa kusini mwa Italia uliotekwa na Roma mwaka 272 KK. Husimuliwa kwamba aliletwa Roma akiwa mateka, akafundisha watoto wa bwana wake, kisha akaachwa huru. Vita vya kwanza na Carthage vilikuwa vimekwisha mwaka mmoja tu kabla ya huo wa 240 KK. Askari wengi walikuwa wamekaa Sicily, kisiwa chenye miji ya Wagiriki na majumba yao ya maonyesho. Kwenye sherehe kuu za mji, Livius akawaonyesha Warumi tamthilia ya Kigiriki kwa lugha yao wenyewe.

Aliifasiri pia Odyssey, tena kwa mizani ya kale ya Kirumi, si ile ya Homer. Karne mbili baadaye mshairi Horace alikuwa bado anakumbuka jinsi mwalimu wake Orbilius alivyowakaririsha mistari hiyo kwa fimbo. Nafikiria mateka huyu, na watoto wa waliouteka mji wake wakijifunza lugha yao wenyewe kwa kazi yake. Sijui taifa jingine lenye nguvu lililokubali kuanza hivyo.

6 Machi

Si Warumi wote waliopendezwa na mambo ya Kigiriki. Mwaka 155 KK Athens ilituma wanafalsafa watatu kuiombea ipunguziwe faini. Mmoja wao, Carneades, leo aliitetea haki mbele ya watu, kesho yake akayabomoa yote aliyoyasema jana. Vijana wa Roma wakapagawa. Seneta Cato mzee akalihimiza Baraza limalize shauri la wanafalsafa hao haraka ili warudi kwao. Na bado inasemekana ni Cato huyuhuyo aliyemleta mshairi Ennius Roma kutoka Sardinia, yule aliyekuja kuuingiza utenzi wa Kilatini katika mizani ya Homer.

9 Machi

Terence tena, usiku kucha. Alizaliwa Carthage, akawa mtumwa wa seneta mmoja wa Roma aliyemsomesha na kumwacha huru, na alikufa mwaka 159 KK akiwa ametuachia tamthilia sita. Nne kati yake zinatokana na Menander wa Athens, naye hafichi. Baadhi ya dibaji zake humtaja Mgiriki waziwazi.

Kinachonishika ni dibaji ya Eunuchus, ya mwaka 161 KK. Mshairi mmoja mzee alipata nafasi ya kuitazama kabla ya onyesho, akapiga kelele kwamba hii ni kazi ya mwizi. Wizi gani? Si kwamba hadithi yote ni ya Menander. Hilo halikumkera mtu. Kosa alilolidai ni kwamba askari mwenye majigambo na mdoezi wake wamechukuliwa kutoka tamthilia ya Kilatini ya Naevius na Plautus, washairi waliomtangulia. Terence anajibu kwamba amewatoa kwa Menander mwenyewe, katika tamthilia yake nyingine, na kwamba hakujua kuwa Warumi wenzake walishawahi kuwatumia. Maana yake, akiwa amewatoa kwa Mgiriki, hana hatia.

Nimeisoma mara kadhaa nihakikishe sikosei. Kwa Warumi hawa, kilichokuwa cha Mgiriki kilikuwa kama kisima cha kijiji: kila mwenye ndoo ateke. Kilichokwisha kutekwa na jirani ndicho kilichokuwa na mwenyewe. Sheria hiyo inanisumbua, maana Menander alikuwa marehemu na wajukuu wa mji wake hawakuulizwa. Lakini pia inaonyesha waliiona tafsiri kuwa jasho. Anayegeuza tamthilia kuwa ya Kilatini ameitengeneza, na kazi yake inastahili kulindwa.

Eunuchus ilipendwa mno. Ilimletea sesta 8,000, malipo ambayo hakuna komedia iliyowahi kuyapata kabla yake.

13 Machi

Hata mshairi Virgil hakupona shutuma ya wizi. Kuna aliyejaza vitabu vinane kwa mistari aliyoichukua na mahali alipoitoa. Ningependa kumwonyesha huyo onyesho moja tu. Katika Odyssey, Ajax anakataa kumjibu Odysseus kuzimu, kwa chuki ya silaha alizonyimwa. Virgil anakichukua kimya hicho na kumpa Dido, malkia wa Carthage aliyeachwa na Aeneas, shujaa wa utenzi wake, akajiua. Ugomvi wa mashujaa umekuwa dhuluma aliyotendewa mwanamke, na nyuma yake vimesimama vita vyote vya Roma na Carthage. Homer hakuwa na habari hizo za kutoa.

16 Machi

Kwa muda mrefu hatukuweza kulinganisha, maana tamthilia za Menander walizozigeuza Warumi zilikuwa zimepotea. Mwaka 1968 Eric Handley alichapisha vipande vya mafunjo vilivyofukuliwa Oxyrhynchus, Misri: mistari mia hivi, mingine imechakaa, ya tamthilia ambayo Plautus aliigeuza kuwa Bacchides.

Plautus hana huruma. Kwa Menander, kijana anayedhani rafiki yake amemsaliti anazungumza na baba yake mara mbili, taratibu, akimrudishia dhahabu. Plautus ameyafuta mazungumzo yote mawili. Kwaya iliyotenganisha sehemu za mchezo imeondoka. Mahali palipokuwa na maneno ya kusemwa bila muziki ameingiza mizani ya kusindikizwa na zumari. Na mtumwa mjanja, ambaye kwa Menander anaitwa Syros, sasa ni Chrysalus, naye anasimama kuwadharau akina Syros wanaoiba vijisenti vya bwana zao! Amepewa nafasi ya kulicheka jina lake la zamani mbele ya umati wa Roma, na kwa kinywa chake Plautus anamwambia Menander kwamba amempita.

Kwa ucheshi, namkubalia. Kwa baba na mwana wale, wanaokaribia kuambiana ukweli halafu wasiambiane, namtaka Menander, na ninasikitika kwamba tumebakiwa na mistari michache hivyo.