Flamenco na aibu yangu

Kuna makala niliyowahi kuandika ambayo hadi leo naionea aibu. Nilipewa kurasa ya utalii, nikaandika kuwa flamenco ni ngoma ya kuchangamsha wageni kule Hispania. Mhariri akaipitisha, nami nikajiona nimemaliza kazi.

Juzi usiku nikamsikiliza Camarón de la Isla, yule mwimbaji Mgitano aliyefariki mwaka 1992. Hakuna magauni mekundu wala vigelegele. Ni mtu anaimba kama aliyefiwa, gitaa linamfuata taratibu. Kihispania sikijui, lakini kilio nakijua.

Ndipo nikaanza kusoma, jambo nililopaswa kulifanya kabla ya kuandika. Kumbe mwaka 1749 Mfalme Fernando VI aliamuru Wagitano wakamatwe nchi nzima. Maelfu walifungwa, wanaume wakatengwa na wake zao. Karne mbili baadaye, serikali ya Franco ikaitumia flamenco, sanaa ambayo Wagitano wa Andalusia wana mkono mkubwa ndani yake, kuvutia watalii. Mwaka 2010 UNESCO nayo ikaiingiza kwenye orodha yake ya urithi wa utamaduni usioshikika.

Sasa mnaliona kosa langu? Nilitazama bango la utalii, nikadhani nimeiona ngoma yenyewe. Nawauliza wenzangu tunaoshika kalamu: tukiandika kuhusu ngoma za watu, ni mara ngapi tunawauliza wenyewe wanaimba nini, na kwa nini?