Siku Moja katika Bonde la Wainka

Ukizunguka Plaza de Armas, uwanja mkuu wa Cusco nchini Peru, huendi mbali kabla hujasimamishwa na mtu mwenye karatasi ya picha mkononi, anayekuuliza kama umeshaliona Bonde Takatifu. Ziara wanazouza zinafanana: basi dogo, mwongoza watalii mmoja, magofu ya Pisac asubuhi, chakula cha mchana Urubamba, Ollantaytambo alasiri, Chinchero jua likizama, kisha kurudi mjini. Bei hupishana kwa soli (fedha ya Peru) chache tu, nayo hushuka zaidi ukianza kuondoka. Mimi nililipa chini ya soli mia, chakula kikiwamo. Tiketi ya kuingilia kwenye magofu hununuliwa kando, soli 70 kwa mgeni, na hiyo haina kupatana bei.

Fedha ya Machu Picchu sikuwa nayo. Treni, kiingilio na malazi ya kule vinataka mfuko mnene. Lakini hata ningekuwa nayo, bonde hili ningelitaka, kwa sababu huku ndiko Wainka walikolima mahindi ya kulisha mji wao mkuu, nami nilitaka kuiona kazi yao ya kila siku kabla ya kuona fahari yao.

Cusco uko kwenye mwinuko wa mita 3,400 hivi. Aliyewahi kupanda Kilimanjaro kwa njia ya Marangu ataelewa mara moja: Mandara ni mita 2,720, Horombo ni mita 3,720. Kati ya kambi hizo mbili weka jiji zima, lenye masoko, vyuo, misongamano ya magari na bibi vizee wanaopandisha ngazi na mzigo mgongoni bila kuhema. Mgeni huhema. Nyumba za wageni huweka maji ya moto na majani makavu ya koka pale mapokezi, unajitengenezea chai, na siku zangu za kwanza hicho ndicho kilikuwa kinywaji changu asubuhi na jioni. Bahati nzuri bonde lenyewe liko chini kuliko Cusco. Basi lilipoanza kuteremka kuelekea mto Vilcanota, kichwa changu nacho kilianza kutulia.

Abiria wengi walikuwa Waperu wa Lima waliokuja likizo, pamoja na familia ya Waajentina na vijana wa Kibrazili wenye mabegi makubwa. Mwongozaji wetu alikuwa mama wa makamo, mzaliwa wa kijiji kimoja juu ya Pisac. Kihispania alikikuta shuleni. Nyumbani kwao ni Kikechua, lugha ya Wainka, ambayo hadi leo ina wasemaji mamilioni katika nchi za Andes. Alituita "familia" tangu tulipoondoka, kama wafanyavyo waongozaji wengi wa Cusco, na kila jambo alilieleza kwa Kihispania kwanza, kisha kwa Kiingereza, kwa sauti ya mwalimu aliyezoea darasa kubwa. Nilikaa kiti cha nyuma yake nisije nikapitwa na neno.

Magofu ya Pisac yako juu mlimani, mbali na mji wa soko wenye jina hilo. Basi linakufikisha karibu na lango la juu, na kinachokupokea kwanza ni mashamba: matuta ya ngazi, moja juu ya jingine, yakifuata umbo la mlima hadi chini bondeni, kila tuta likishikiliwa na ukuta wa mawe. Mwongozaji alitueleza yalivyojengwa. Chini kabisa huwekwa mawe makubwa, juu yake kokoto, halafu mchanga, mwisho udongo wenye rutuba uliopandishwa kutoka bondeni. Maji ya mvua hupenya taratibu, ukuta haubomoki na mizizi haiozi. Mawe ya ukuta hunywa joto la jua mchana kutwa na kulirudisha usiku, mazao yakasalimika na baridi ya Andes. Kwenye kuta zenyewe yamechomekwa mawe marefu yaliyotokeza nje, kidato baada ya kidato, ili mkulima apande na kushuka bila kupoteza kipande cha ardhi kwa ajili ya ngazi. Nilishika kimoja kwa mikono miwili. Hakikutikisika.

Ng'ambo ya korongo, jabali limejaa mashimo meusi. Yalikuwa makaburi. Wafu waliwekwa humo wamekunjwa magoti kifuani, pamoja na vitu vyao, na wezi wa makaburi wameyachokora muda mrefu uliopita.

Sehemu ya mahekalu ya Pisac, ambako mawe yamechongwa kwa ufundi wa juu kabisa, inafikiwa kwa miguu kwa njia inayopita ubavuni mwa mlima. Ratiba yetu haikutupa nafasi. Tuliitazama kwa mbali, tukaitwa garini, na gari likatupeleka mjini kwenye duka la vito vya fedha, ambako tulikaa karibu sawa na muda tuliopewa magofuni. Hili liliniuma. Ziara nyingi za bei nafuu hutegemea kamisheni ya maduka, na abiria hulilipia punguzo lake kwa saa za mchana. Ni halali mtu aambiwe hivyo kabla hajatoa fedha yake, na mimi sikuambiwa.

Urubamba tulikula na kuondoka. Kitu kimoja tu cha kukumbukwa mezani: mahindi meupe ya bonde hili, yenye punje kubwa kama ncha ya kidole gumba, laini, yaliyochemshwa na kuliwa na kipande cha jibini.

Ollantaytambo ndiko ninakotaka msomaji anifuate polepole. Kabla ya kufika magofuni unapita mjini, na mji wenyewe ni wa Wainka. Vichochoro vimenyooka, vimetandikwa mawe. Sehemu za chini za nyumba ni kuta za karne ya 15, enzi za mfalme Pachacuti. Milango ni mipana chini na myembamba juu. Na humo ndani watu wanaishi, wanapika, wanaanika nguo. Pembeni mwa kichochoro unapita mfereji wa mawe wenye maji baridi yaendayo mbio. Maji hayo yanashuka yenyewe kutoka milimani, bila pampu, katika njia zilizopangwa na Wainka. Mtu aliyekulia kwenye miteremko ya Kilimanjaro, akaiona mifongo ya Wachagga ikigawa maji kutoka kihamba hadi kihamba, hawezi kuupita mfereji ule bila kusimama. Nilimuuliza mwongozaji nani anausafisha. Akasema kijijini kwao kila kaya hutoa mtu siku ya kusafisha mfereji, asiyefika hutozwa faini, na kazi ikiisha watu hukaa pamoja wakanywa pombe ya mahindi. Nilimwambia kwetu pia mfongo una siku zake za kazi na faini zake. Alicheka kwa furaha, akaligeukia kundi zima na kuwaeleza.

Kutoka hapo unapanda ngazi ndefu kukatisha matuta mapana hadi mahali lilipokuwa linajengwa hekalu. Mawe sita ya rangi ya waridi yamesimamishwa ubavu kwa ubavu, kila moja likimzidi mtu kimo maradufu, na makubwa kati yake hukadiriwa kuwa na tani 50 na zaidi. Kati ya jiwe na jiwe kimepachikwa kipande chembamba cha jiwe kilichochongwa kwa kipimo cha nafasi yenyewe. Nilisogeza uso karibu na kiungio kimoja: hakuna chokaa, hakuna udongo, hakuna mwanya wa kupitisha ukucha. Kwenye uso wa jiwe mojawapo zimechongwa alama za ngazi, zimelika kwa upepo na karne. Hapa na pale vimebaki vinundu vilivyotokeza, ambavyo wataalamu wengi wanaamini vilisaidia wakati wa kulinyanyua na kulisogeza jiwe.

Machimbo ya mawe haya yako Cachicata, ng'ambo ya mto, kilomita kadhaa, juu kwenye mteremko wa mlima mwingine. Kutoka hekaluni unauona mteremko huo kwa macho. Jiwe liliteremshwa kutoka kule, likavushwa mto, likapandishwa tena huku kwa barabara ya mwinamo iliyojengwa kwa kazi hiyo hiyo, na watu wasiokuwa na farasi, wala chuma, wala gari la magurudumu. Abiria mwenzetu mmoja aliuliza kama si kweli kwamba viumbe wa sayari nyingine walihusika. Mwongozaji hakukasirika. Alinyoosha kidole chini, kwenye mawe makubwa yaliyolala bondeni bila kufika, ambayo wenyeji huyaita mawe yaliyochoka. Viumbe wenye nguvu za namna hiyo, alisema, wasingeyaacha pale. Yaliachwa na binadamu ambao kazi yao ilikatizwa.

Nimelishikilia jibu hilo, maana porojo za sayari zinawanyang'anya watu wa Andes kazi ya mikono ya babu zao. Msanifu majengo Jean-Pierre Protzen, aliyeichunguza Ollantaytambo kwa miaka mingi, alichukua mawe magumu ya mviringo ya kugongea, kama yale yanayookotwa machimboni, akajaribu kuchonga nayo, na yakachonga. Kilichohitajika kingine ni watu wengi waliopangwa vizuri. Dola ya Wainka ilidai kila kaya itoe nguvu kazi kwa zamu, nayo dola ikawalisha walio kazini kutoka maghala yake. Maghala hayo bado yanaonekana mlima wa mbele, Pinkuylluna, yamejengwa juu kwenye baridi na upepo ili nafaka isioze.

Kilichokatiza kazi huenda kilikuwa uvamizi. Wahispania walimkamata mfalme wa Wainka, Atahualpa, huko Cajamarca mwezi Novemba 1532 na kumuua mwaka uliofuata. Mwaka 1536 mfalme mwingine wa Wainka, Manco Inca, aliuzingira mji wa Cusco uliokuwa mikononi mwa Wahispania, na mwanzoni mwa 1537 kamanda wao Hernando Pizarro akaja hapa Ollantaytambo na askari wa farasi ili kumkamata. Wapiganaji wa Manco waliwashambulia kutoka matuta haya kwa mawe na mishale, kisha wakafungulia maji bonde likafurika, farasi wakazama matopeni, na Wahispania wakarudi nyuma usiku. Mifereji ile ile ya kumwagilia mahindi. Baadaye Manco alihamia Vilcabamba, msituni, akaanzisha ufalme mdogo uliodumu hadi 1572, Wahispania walipomkata kichwa mfalme wake wa mwisho, Túpac Amaru, katika uwanja mkuu wa Cusco, pale pale ziara zinapouzwa leo.

Vijana wa Kibrazili waliteremsha mabegi yao Ollantaytambo kwenda kupanda treni ya Machu Picchu. Sisi tukaendelea hadi Chinchero, mita 3,760, juu ya Horombo, na ubaridi ukaingia garini. Kanisa la Chinchero limejengwa juu ya kuta za jumba la Túpac Inca Yupanqui, mwana wa Pachacuti. Waashi wa kikoloni walianzia pale waashi wa Kiinka walipoishia, na mpaka kati ya kazi hizo mbili unaonekana wazi.

Chinchero ni mji wa wafumaji. Mama mmoja aliyevaa koti jekundu alituonyesha wadudu wadogo wa kijivu wanaoishi kwenye dungusi kakati. Alimponda mmoja kiganjani, kukawa na doa jekundu la damu ya mzee. Akakamulia tone la ndimu, wekundu ukageuka rangi ya chungwa. Akatia chumvi ya madini, ukaelekea zambarau. Yote kiganjani, kwa dakika chache, huku mkono mwingine ukisokota uzi wa sufu. Hapa pia kulikuwa na vitu vya kuuzwa, lakini nilinunua kwa moyo mkunjufu, kwa kuwa fedha iliingia mkononi mwa aliyefuma.

Karibu na mji huo serikali inajenga uwanja mpya wa ndege wa kimataifa. Wanahistoria na wanaakiolojia wengi wameupinga, wakihofia ardhi hii ya Wainka na ziwa Piuray, linalotoa sehemu kubwa ya maji yanayonywewa Cusco. Nami nasimama nao. Bonde lililodumu kwa sababu ya maji halistahili kuhatarishwa ili mtalii apunguziwe saa chache za safari.

Kwa msomaji atakayekwenda na mfuko mdogo kama wangu, ziara ya siku moja inalipa, hasa ukimpata mwongozaji mwenyeji wa bonde. Kabla ya kulipa, uliza mtakaa maduka mangapi. Kisha fanya hivi: tiketi ya soli 70 inatumika kwa siku mbili, na ziara inatumia moja tu. Muage mwongozaji Ollantaytambo, ulale pale kwenye nyumba ya wageni ya kawaida, na kesho yake uende Chinchero kwa magari madogo ya abiria, ukae huko kwa muda unaoutaka mwenyewe.