Siku Amri Zitakapogongana

Mwanangu,

Tangu uliponiambia kuwa umechaguliwa kwenda Monduli kusomea uofisa, usingizi wangu umekuwa wa mang'amung'amu. Si kwamba sitaki uende. Nimefundisha historia maisha yangu yote ya kazi, na nayajua mambo ambayo magwanda mapya na buti zilizopigwa rangi huyaficha. Mama yako amenisihi nisikutie hofu kabla hujaondoka, na nimemsikia. Lakini mzee ambaye jua lake limeshainamia magharibi hana muda wa kungoja ukomae, na yapo maneno ambayo nisipokuandikia mimi, hakuna mkufunzi atakayeyaweka kwenye ratiba yako. Basi soma taratibu, na usipoyaelewa leo, ihifadhi barua hii. Utajikwaa mwanangu, kama sote tulivyojikwaa, na siku hiyo utaitafuta.

Nataka nikusimulie habari za divisheni moja ya askari wa miguu ya jeshi la Italia, iliyoitwa Acqui. Utaniuliza Waitaliano wanatuhusu nini. Babu zetu waliokuwa King's African Rifles walipigana na jeshi hilohilo la Mussolini kule Somalia na Ethiopia mwaka 1941, kwa hiyo si wageni kabisa kwetu. Lakini nimewachagua kwa sababu nyingine. Katika yote niliyosoma, sijaona mahali pengine ambapo maelfu ya askari wa kawaida, vijana wa mashambani na wa mijini waliofundishwa kutii tu, waliamka asubuhi moja wakakuta kila mkubwa wao anasema lake.

Acqui lilikuwa jina la kale, la brigedi ya tangu enzi za wafalme wa Savoia, na mwaka 1939 ikaundwa upya kuwa divisheni ya 33. Mwaka 1940 ilipelekwa kupigana na Wafaransa kwenye milima ya mpakani, kisha ikavushwa hadi Albania kupambana na Wagiriki, na Ugiriki ilipoanguka mwaka 1941 ikapewa kazi ya kukalia visiwa vya Bahari ya Ionia, Corfu na Kefalonia vikiwamo. Hapo nisimame kidogo, maana wasimulizi wengi hupapita mbio. Watu hawa walikuwa wavamizi. Walikuwa kwenye nchi ya wenyewe kwa mtutu wa bunduki, na masaibu yaliyowapata baadaye hayalifuti hilo. Ukiwahurumia, wahurumie ukijua.

Jioni ya tarehe 8 Septemba 1943 redio ikatangaza kwamba Italia imeacha kupigana na Waingereza na Wamarekani. Alfajiri iliyofuata mfalme na waziri mkuu wake, Badoglio, wakaikimbia Roma, na majeshi yao yaliyotapakaa nchi za watu yakaachwa bila maelekezo yanayoeleweka: je, Mjerumani aliyekuwa mwenzetu jana, leo ni nani? Pale Kefalonia Waitaliano walikuwa zaidi ya 11,000, na Wajerumani kama 2,000 tu. Wajerumani wakamwekea Jenerali Antonio Gandin, mkuu wa divisheni, mambo matatu achague: apigane upande wao, apigane dhidi yao, au akabidhi silaha. Makao makuu ya jeshi lake kule Athens yalimwamuru akabidhi. Serikali iliyokimbilia kusini mwa Italia baadaye ikamwamuru asikabidhi.

Njia mbili zilimshinda fisi, mwanangu, na fisi hakuwa na roho za watu mkononi. Gandin hakuwa mwoga wala mjinga; alikuwa mtu aliyesoma, aliyewajua Wajerumani vizuri na aliyewahi kupewa nishani yao. Alitaka kuwaokoa vijana wake kwa mazungumzo. Akazungumza siku ya kwanza, akazungumza ya pili, na ili kuonyesha nia njema akakiondoa kikosi chake kwenye vilima vya Kardakata, mahali ambapo aliyepashika ameshika njia za kaskazini ya kisiwa. Wakati yeye anapima maneno, Wajerumani walikuwa wanapanga kuleta askari zaidi. Nimekufundisha tangu utoto kwamba subira yavuta heri, na siifuti kauli yangu, lakini iko subira na kuna kuahirisha, na kwa nje vinafanana sana. Mwenye subira anajua anachokingoja. Anayeahirisha anatumaini tu kwamba jambo litajiamulia lenyewe, na jambo likijiamulia, huamua kwa manufaa ya adui.

Tarehe 13 Septemba maofisa vijana wa mizinga, Kapteni Renzo Apollonio na Kapteni Amos Pampaloni wakiwa miongoni mwao, waliona vyombo vya Wajerumani vinakaribia bandari ya Argostoli, wakavifyatulia mizinga bila kungoja amri ya jenerali. Wakufunzi wako watakwambia huo ni uasi, na kwa sheria ya jeshi watakuwa na haki. Mimi naona askari akifikia hapo, kosa la kwanza limeshafanywa na aliye juu yake. Gandin mwenyewe akafanya jambo ambalo jeshini halisikiki: akaagiza askari waulizwe wanataka nini. Vikosi vikaulizwa usiku ule wa kuamkia tarehe 14, na jibu la wengi mno likawa kutotoa silaha.

Vita vikaanza tarehe 15. Ndege za Wajerumani zilishambulia mchana kutwa na Waitaliano hawakuwa na hata moja ya kuwajibu. Msaada walioutumainia ng'ambo ya bahari haukufika. Na askari wa milimani wa Kijerumani wakateremshwa kisiwani usiku na mchana. Tarehe 22 Gandin akasalimu amri. Hapo ndipo kilipoanza kile kilichonifanya nikuandikie. Kwa amri iliyotoka kwa Hitler mwenyewe, watu waliokwisha kuinua mikono wakaanza kuuawa. Kisingizio kilikuwa kwamba ni wasaliti, kwa kuwa Italia ilikuwa haijatangaza vita dhidi ya Ujerumani. Ilitangaza tarehe 13 Oktoba, wiki tatu baada ya wenye kuhitaji tangazo hilo kulala mabondeni. Wanahistoria bado wanabishana juu ya hesabu ya waliouawa baada ya kujisalimisha, wengine wakisema elfu kadhaa, wengine wakipunguza, na mimi sitakuchosha nayo.

Tarehe 24 ilikuwa zamu ya maofisa. Gandin alipigwa risasi wa mwanzo, kisha wengine wakapelekwa mafungu mafungu kwenye nyumba ndogo karibu na Argostoli. Padri wao, Romualdo Formato, alikuwa pale. Waliokuwa wanangoja zamu walimkabidhi pete za ndoa na picha za watoto awapelekee wake zao, wakaungama, wakatoka. Padri yule alilia na kuwasihi wauaji mpaka mwisho wakawaachia wachache waliobaki. Pampaloni naye, ambaye kikosi chake cha mizinga kilimiminiwa risasi kikiwa kimeshajisalimisha, alipigwa shingoni, akaachwa akidhaniwa maiti, akainuka, akaenda kupigana bega kwa bega na wapiganaji wa Kigiriki. Waliosalia walipakiwa melini kama mateka, na meli nyingine zikagonga mabomu ya baharini, zikazama nao.

Usidhani aliyechagua haki alipokewa kwa vigelegele. Miaka ya 1950 wazazi wa baadhi ya waliouawa waliwashtaki maofisa walionusurika, wakidai kuwa ukaidi wao ndio uliowaponza watoto wao. Mahakama ikawafutia mashtaka, lakini jaribu kuwaza kusimama mbele ya mama wa rafiki yako huku anakunyooshea kidole. Siwezi kumlaumu mama yule. Rais Sandro Pertini alikwenda Kefalonia kuwaenzi mwaka 1980 na Rais Ciampi akaenda 2001, wakati huo wazazi wengi wakiwa wameshazikwa. Mtenda wema na aende zake asingoje shukrani. Shukrani za taifa huchelewa, nyingine hazifiki kabisa.

Na wale walioshika bunduki upande wa pili? Jenerali Hubert Lanz, aliyekuwa juu ya vikosi hivyo, alihukumiwa Nuremberg mwaka 1948 kifungo cha miaka 12, akatoka 1951. Lakini ninayemfikiria zaidi usiku ni koplo mmoja, aliyekuwa kijana wa umri wako wakati ule. Alirudi kwao, akaishi, akazeeka. Mwaka 2013 mahakama ya kijeshi ya Roma ikamhukumu kifungo cha maisha, mwenyewe hayupo, akiwa na miaka 90. Hakuingia jela. Alikuwa amekwisha kuwaeleza waendesha mashtaka kwao kwamba alikuwamo kwenye kikosi cha kupiga risasi, na kwamba walitekeleza amri. Majuto ni mjukuu, husemwa. Wa huyu alisubiri miaka 70 kuja kubisha hodi.

Nakwambia haya yote kwa sababu utakwenda kufundishwa kutii, na utii ni jambo jema, usiende kuwa mbishi kwa wakubwa zako. Ukiambiwa ulale, lala; ukiambiwa ukimbie mpaka miguu iungue, kimbia, wala usinung'unike. Lakini ipo siku, naomba Mungu isikufikie, amri mbili zitakuja kwa pamoja, au itakuja moja ambayo moyo wako utaikataa, na siku hiyo hutapata nafasi ya kwenda kusoma wala kunipigia simu. Utakuwa na kile ulichokuwa nacho tayari. Kwa hiyo kiweke sasa, katika mambo madogo: usimpige anayekuomba msamaha bwenini, usicheke mwenzako anapodhalilishwa, usitie saini usichokiona. Anayezoea hayo akiwa kuruta hatakuja kuyabuni akiwa kanali.

Mengine nitakusamehe kabla hujayatenda, kwa kuwa wewe ni damu yangu na hakuna utakaloniletea likakutoa moyoni mwangu. Moja tu nakuomba, na uniahidi kwa maandishi kabla hujaripoti: usimfyatulie risasi mtu aliyekwisha kuinua mikono, aamuru atakayeamuru.

Baba yako.