Mwenye Neno la Mwisho Hukaa Kimya

Safari yangu ya kwanza Seoul nilifuatana na wauza vipuri vya magari wa Kariakoo. Kabla ya mkutano wowote, mkalimani wetu alitaka kujua kila mmoja wetu amezaliwa mwaka gani. Haukuwa udaku. Mkorea asiyejua nani mkubwa kati yenu hajui hata aanze vipi kuzungumza nanyi.

Ofisini kadi za biashara zilitolewa kwa mikono miwili, zikasomwa, kisha zikapangwa mezani kufuata vyeo. Sawon ndiye wa chini kabisa, halafu daeri, gwajang, chajang, bujang. Mtu huitwa kwa cheo chake, siyo jina tupu. Habari za bei zilizungumzwa na gwajang, mtu wa makamo. Bujang hakufungua mdomo, na mmoja wetu alidhani mzee hana lake pale. Kumbe kila tarakimu ikitajwa vijana wanamwangalia yeye usoni.

Jioni tulialikwa kwenye hoesik, mlo wa pamoja wa wafanyakazi: nyama ya kuchoma na pombe ya soju. Hakuna aliyejimiminia. Kijana alimimina kwa mikono miwili, na yeye alipomiminiwa aligeuza uso pembeni ndipo akanywa, asije akamnywea mkubwa machoni. Waislamu kati yetu walimiminiwa maji kwa heshima ile ile.

Kesho yake, nikitafuta chimbuko la adabu hizi, nilikwenda Sungkyunkwan, chuo kilichoanzishwa mwaka 1398 na enzi ya Joseon, iliyotawala kwa mafundisho ya mwanafalsafa Konfusio hadi 1910. Chuo kikuu cha leo chenye jina hilo kinaungwa mkono na Samsung tangu 1996, kwa hiyo mafundisho ya kale na biashara kubwa havikai mbali. Konfusio alihimiza adabu kati ya mtawala na raia, baba na mwana, mume na mke, mkubwa na mdogo, rafiki na rafiki. Mdogo atii, sawa, lakini mkubwa naye alee.

Kampuni, kwa maoni yangu, zilishika zaidi ile nusu ya kutii, pamoja na urithi wa ukoo kupitia wanaume. Aliyekuwa mwenyekiti wa LG, Koo Bon-moo, alifiwa na mwanawe wa kiume. Mwaka 2004 akamwasili mtoto wa ndugu yake, Koo Kwang-mo, ingawa alikuwa na mabinti. Kijana huyo alishika uenyekiti mwaka 2018. Nusu ya pili, ya kulea, imebidi idaiwe kwa sheria: tangu Julai 2019 ni marufuku kwa mkubwa kumnyanyasa mdogo kazini kwa kutumia cheo chake.

Ukienda kufanya biashara huko, nenda na mzee wako. Ukimtuma kijana peke yake, hata awe na hoja nzito kiasi gani, atapokewa na kijana mwenzake.