Mtu Si Chombo: Tumkumbuke Mohamed Husen



Katika mwezi wa Novemba Mama Kanisa hutualika kuwaombea marehemu wote, wakiwemo wale wasio na ndugu wa kuwakumbuka. Juma hili tunamtafakari mmoja wao, mzaliwa wa nchi yetu, aliyeigiza katika filamu nyingi za Kijerumani na kufia katika kambi ya mateso.

Mahjub bin Adam Mohamed alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904, katika familia ya Kiislamu. Baba yake alikuwa askari wa jeshi la kikoloni la Wajerumani, na Vita Kuu ya Kwanza ilipozuka mwaka 1914, mtoto naye akaingizwa jeshini akiwa na umri wa miaka kumi tu. Mwaka 1917 alijeruhiwa katika mapigano ya Mahiwa. Mwaka 1929 alifika Berlin kudai mishahara yake na ya baba yake ambayo haikulipwa. Serikali ilimkatalia. Akabaki huko, akijulikana kwa jina la Bayume Mohamed Husen. Akawa mhudumu wa mezani, akafundisha Kiswahili chuo kikuu, akaoa, akapata watoto.

Aliigiza katika filamu zaidi ya ishirini. Karibu zote zilimpa nafasi ile ile: mtumishi, tarishi, mpagazi. Utawala wa Hitler ulimnyang'anya hati yake ya kusafiria ya Kijerumani, ukamnyima nishani ya vita aliyoiomba. Lakini uso wake uliendelea kuhitajika, maana filamu za kusifu ukoloni zisingekamilika bila Mwafrika mtiifu. Mwaka 1941 alionekana katika filamu ya kumtukuza Carl Peters, yule ambaye wazee wetu walimwita Mkono wa Damu.

Mwaka huo huo alikamatwa kwa sababu ya uhusiano na mwanamke Mjerumani. Uhusiano huo ulikuwa nje ya ndoa yake, nasi hatuusifu. Lakini hakukamatwa kwa ajili ya kulinda ndoa; alikamatwa kwa sababu ya rangi ya ngozi yake. Bila kuhukumiwa na mahakama yoyote alifungwa katika kambi ya Sachsenhausen, akafia humo tarehe 24 Novemba 1944.

Katika jiji hilo hilo la Berlin, Padre Bernhard Lichtenberg wa Kanisa Kuu la Mtakatifu Hedwig aliwaombea hadharani Wayahudi na wafungwa wa kambi. Naye alikamatwa mwaka 1941, akafa mwaka 1943 akiwa njiani kupelekwa Dachau. Papa Yohane Paulo II alimtangaza Mwenye Heri mwaka 1996. Padre huyo alijua kwamba sala ya Kanisa haiulizi kwanza kabila, dini wala hati.

Wapendwa, sisi wa Bugarama tunaishi karibu na mpaka. Wapo wanaovuka kuja kulima mashamba yetu ya migomba na kahawa. Wakati wa kazi tunawaita ndugu. Siku ya ujira wengine hukumbushwa ghafla kwamba ni wageni. Mtume Yakobo, katika sura ya tano ya waraka wake, anasema juu ya ujira uliozuiliwa kwamba kilio chake kimemfikia Bwana. Yule kijana wa Dar es Salaam alivuka bahari kudai ujira. Vibarua wetu huvuka kilima kimoja tu. Juma hili, kila mwenye deni kwa kibarua amlipe, tena amwite kwa jina lake.

Mwaka 2007 jiwe dogo la kumbukumbu lenye jina la Mohamed Husen liliwekwa Berlin, mbele ya nyumba alimokuwa akiishi. Wapita njia hulisoma. Nasi tumtaje katika sala zetu, pamoja na wote waliotumiwa kisha wakatupwa.

Ee Mungu, uliyemuumba kila mtu kwa mfano wako, uwapokee katika huruma yako, na utujalie macho ya kuwaona wenzetu kama unavyowaona wewe. Kwa njia ya Kristo Bwana wetu. Amina.