Mvuvi wa miguu minane katika vidimbwi vya Kalama

Je, msomaji, umewahi kumwona buibui akisimama juu ya maji bila kuzama, kama mtu aliyesimama juu ya sakafu? Ikiwa hujawahi, usidhani ni hadithi za Abunuwasi. Mwandishi wa makala haya alimwona Desemba iliyopita huko Kalama, Kaunti ya Machakos, na nusura amwone akipondwa kwa jiwe.

Safari yenyewe haikuwa ya kutafuta buibui. Shule zilikuwa zimefungwa, nami nikaamua kumpeleka binti yangu wa miaka 9 kwa nyanya yangu, ambaye kwa Kikamba tunamwita susu. Binti huyu amezaliwa na kulelewa Nairobi, katika nyumba ya orofa ya nne. Kwake yeye maji hutoka mferejini, au kwa muuza maji wa mkokoteni mfereji unapokauka. Na kila kiumbe chenye miguu zaidi ya minne ni adui wa kupuliziwa dawa.

Kutoka Nairobi hadi mji wa Machakos ni kilomita 60 na ushei. Kutoka hapo barabara ya Wote huelekea kusini, ikipinda kati ya vilima, hadi soko la Kola. Anayeketi dirishani huona matuta yaliyopangwa kama ngazi kuanzia bondeni hadi juu. Haya ndiyo matuta ya "fanya juu", ambapo mkulima huchimba mtaro na kuutupa udongo upande wa juu wa mteremko ili mvua isiondoke na shamba. Mwaka 1994 watafiti Mary Tiffen, Michael Mortimore na Francis Gichuki walichapisha kitabu kuhusu iliyokuwa Wilaya ya Machakos. Walionyesha kwamba kati ya miaka ya 1930 na 1990 watu waliongezeka zaidi ya mara 5, ilhali mmomonyoko wa udongo ulipungua. Kazi hiyo ilifanywa kwa majembe ya akina susu, wakiwa katika vikundi vyao vya mwethya.

Vikundi kama hivyo ndivyo vilivyojenga pia mabwawa ya mchanga. Hapo Kola, kikundi cha Utooni kilianzishwa na Joshua Mukusya na wenzake mwaka 1978. Ukuta wa mawe na saruji hujengwa kukatiza mto wa msimu. Mvua ikinyesha, mto huleta mchanga, mchanga hujaa nyuma ya ukuta, na maji hujificha katikati ya chembe zake ambako jua haliwezi kuyanyonya upesi. Kiangazi kikifika, watu huchimba na kuyapata. Mvua zikiwa zimenyesha vizuri, kama Desemba ile, hubaki pia vidimbwi vya maji maangavu kandokando ya mawe.

Jiwe mkononi

Ni kwenye kidimbwi kimojawapo susu alipotutuma kuteka maji ya ndama. Tulikwenda watatu: mimi, binti yangu, na mtoto wa binamu yangu, kijana wa miaka 12 aliyekuwa akimswaga punda mwenye mitungi minne. Binti yangu aliinama kuzamisha kata, mara akapiga ukelele na kuitupa.

Pale ukingoni alikuwapo buibui wa rangi ya kahawia. Mwili wake ulikuwa kama punje kubwa ya harage, lakini miguu yake ilivyotandazwa ingeweza kufunika kifuniko cha chupa ya jamu. Kila upande wa mwili alikuwa na mstari mweupe kama maziwa. Miguu ya nyuma ilishika jiwe, na ile ya mbele ilikuwa imelazwa juu ya maji.

"Huyo huua ng'ombe," kijana alisema huku akiokota jiwe. "Ng'ombe akimnywa, anafura na kufa. Kila mtu anajua."

Nilimshika mkono. Nilimwambia angoje dakika kumi tu, kisha tutaamua. Tuliketi juu ya mwamba, punda naye akapata nafasi ya kula majani.

Kwanza hakukutokea lolote. Kisha kiluwiluwi mmoja alipanda juu kuvuta hewa, maji yakatikisika kidogo sana. Kufumba na kufumbua buibui alikuwa amemrukia, akamng'ata kwa chonge zake na kuanza kumburura kuelekea kwenye jiwe. Yule kijana aliliacha jiwe lake lianguke bila kujua.

Mtego bila utando

Wataalamu wanamweka buibui huyu katika jamii iitwayo Pisauridae. Wale wa Afrika wanaoishi majini wengi wao ni wa kundi la Nilus, ambalo zamani liliitwa Thalassius. Hatandazi utando wa kunasia. Maji yenyewe ndiyo utando wake. Kama vile buibui wa darini anavyosikia nzi akitikisa nyuzi, huyu husikia kwa miguu yake mawimbi madogo yanayotoka kwa mdudu aliyeanguka au samaki aliyegusa uso wa maji. Aidha, anaweza kutofautisha mawimbi hayo na yale ya upepo.

Hazami kwa sababu uso wa maji una ukaza fulani, kama ngozi nyembamba iliyovutwa. Miguu yake imejaa vinyweleo visivyolowa, na uzito wake umegawanywa kwa miguu minane. Akitishwa, hushuka chini ya maji akiwa ameshikilia bua au jiwe. Hewa hunaswa kwenye vinyweleo vyake na kumfanya ang'ae kama fedha, na hiyo ndiyo anayopumua. Aina fulani za Marekani zimewahi kukaa chini zaidi ya nusu saa.

Je, ni kweli anavua samaki? Naam. Mwaka 2014 Martin Nyffeler wa Uswisi na Bradley Pusey wa Australia walikusanya taarifa zaidi ya 80 za buibui waliokamata samaki, kutoka mabara yote isipokuwa Antaktika. Samaki hao kwa kawaida walikuwa na urefu wa sentimita 2 hadi 6, na kwa wastani walikuwa warefu kuliko buibui mwenyewe mara 2.2. Afrika haikuwa nyuma: huko Natal, Afrika Kusini, Nendick Abraham alikuwa ameandika juu ya buibui wala samaki na vyura tangu mwaka 1923. Hata hivyo, chakula chake cha kila siku ni wadudu.

Kuna sababu ya kumburura kiluwiluwi hadi nchi kavu. Buibui hatafuni. Hummwagia windo maji ya kuyeyusha nyama, kisha hufyonza. Angefanya hivyo ndani ya kidimbwi, maji hayo yangezimuliwa na chakula kingepotea.

Namna ya kumtambua

Msomaji anayetaka kumtafuta asichanganye mambo. Kile kidudu chembamba kinachoteleza katikati ya kidimbwi kama mtu juu ya barafu si buibui, kwa maana kina miguu sita. Yule mwembamba kama njiti, anayetega utando kati ya nyasi juu ya maji, ni buibui, lakini wa jamii nyingine. Anayefanana naye zaidi ni buibui mbwamwitu, ambaye pia hukimbia juu ya maji mara kwa mara.

Dalili nzuri ya kuwatofautisha ni mama mwenye mayai. Buibui mbwamwitu hufunga kifuko cha mayai nyuma ya mwili wake, na watoto wakianguliwa huwabeba mgongoni. Buibui mvuvi hukibeba kifuko kwa taya, chini ya kifua, kama mama aliyekumbatia mzigo. Siku za kuanguliwa zikikaribia, husokota hema la nyuzi kwenye majani na kulilinda.

Ng'ombe wa mwaka 1984

Sasa, vipi kuhusu sumu? Ni kweli anayo, kama karibu buibui wote. Lakini sumu hiyo hufanya kazi ikidungwa mwilini, nayo ni kiasi cha kumlegeza mdudu au samaki mdogo. Haivuji majini. Ukimbana mkononi anaweza kukuuma, na kwa hiyo mtazame tu bila kumshika.

Jioni, tukila muthokoi, nilimuuliza susu habari ya ng'ombe anayefura. Alinyamaza kidogo. Kisha akasema kwamba yeye mwenyewe ni miongoni mwa waliokuwa wakisema hivyo. Ilikuwa mwaka 1984, wakati wa ile njaa ambayo Wakamba waliiita "nikw'a ngwete", maana yake nakufa nikiwa na pesa mkononi, kwa kuwa chakula hakikupatikana hata kwa mwenye fedha. Vidimbwi vyote vilikauka isipokuwa kimoja. Ng'ombe wake watatu walitembea hadi pale, wakanywa, wakaanguka. Pale kwenye tope buibui walikuwa wamejazana, kwa maana nao hawakuwa na pengine pa kwenda.

"Tulihitaji wa kulaumu," alisema, "na wao ndio waliokuwapo."

Mchanga wa ghorofa zetu

Siku iliyofuata tulishuka na mto kwa mwendo wa nusu saa. Palipokuwa na kidimbwi nilichoogea utotoni pamebaki mwamba mtupu na alama za magurudumu. Mchanga umechotwa kwa malori. Bila mchanga, maji ya mvua hupita mbio, na wiki chache baadaye hakuna cha kuteka wala cha buibui kusimamia. Jirani zetu wa Makueni walitunga sheria ya kuhifadhi mchanga mwaka 2015, kwa maana waliona visima vikikauka. Binti yangu aliniuliza mchanga huo ulikwenda wapi. Ilinibidi nimweleze kuwa ghorofa tunayoishi haikujengwa kwa hewa.

Nchi hii ina buibui wa kujivunia. Huko Mbita, kando ya Ziwa Victoria, yuko mmoja mdogo anayependelea kula mbu aliyeshiba damu, na wanasayansi wamemchunguza kwa miaka mingi. Huyu wa Kalama hana sifa kama hiyo, lakini mzazi akiwapeleka watoto ukingoni mwa maji wanaweza kumwona bila gharama. Nendeni polepole, msipige kelele, na kivuli chenu kisianguke majini. Tazameni ukingoni, penye mawe na majani, wala si katikati.

Asubuhi ya kuondoka, binti yangu alichukua kimtungi cha lita tano na kwenda kidimbwini pamoja na binamu yake bila kutumwa. Walirudi wamechelewa, na susu alikuwa ameanza kunung'unika juu ya ndama. Kisa cha kuchelewa ni kwamba walilazimika kuteka kutoka upande wa pili.

"Ana kimpira cheupe chini ya kifua," binti yangu alisema. "Amekishika kwa mdomo. Tumemwambia kila mtu asiteke upande ule."